Msituambie Tukomae

Kuna neno moja siku hizi ni dawa ya kila ugonjwa: komaa. Mkopo wa chuo umechelewa? Komaa. Mvua imekatika mahindi yakiwa yanabeba? Komaa. Goti limeanza kuuma kilomita ya kumi na nane? Komaa, maumivu ni akili tu. Neno lilianzia mtaani, likapanda jukwaani, na sasa kuna watu wanalipwa kulisema kwenye kipaza sauti wakiwa wamevaa raba nyeupe ambazo hazijawahi kukanyaga vumbi. Mwaka jana mmoja wao, ambaye simtaji, aliletwa kutuhutubia wanafunzi wa uzamili. Alitupa mifano mitatu ya watu waliokomaa, na mmoja ulikuwa wa wanamichezo wa triathloni. Nilikuwa nimekaa safu ya nne na mapaja yananiuma, kwa sababu najiandaa kwa mchezo huohuo. Tangu siku ile nimekuwa nikitaka kumnyang'anya huo mfano.

Kwa asiyeujua mchezo wenyewe: unaogelea, unapanda baisikeli, unakimbia, yote kwa mfululizo na saa inahesabu. Masafa marefu kamili ni kilomita 3.8 majini, 180 kwenye baisikeli na 42.2 kwa miguu. Kuna nusu yake pia, 1.9, 90 na 21.1, na Agosti 2022 mbio za nusu zilifika Rubavu, Rwanda, kando ya Ziwa Kivu. Hiyo nusu ndiyo ninayoiandalia mwili kwanza. Nasoma sayansi ya michezo Dar es Salaam, na kwetu ni Kasesya, mpakani na Zambia, mkoa wa Rukwa. Likizo zote nafanyia mazoezi huko.

Wahubiri wa kukomaa wana picha mbili wanazozipenda. Ya kwanza ni ya Hawaii, Februari 1982. Julie Moss, mwanafunzi aliyeingia mbio zile kwa ajili ya utafiti wa masomo yake, anaongoza kwa upande wa wanawake. Zikiwa zimebaki mita chache miguu inamwisha. Anaanguka, anainuka, anaanguka tena, mwenzake Kathleen McCartney anampita, na yeye anamaliza kwa kutambaa. Televisheni ya Marekani ilirusha picha zile na mchezo ukapata jina duniani. Picha ya pili ni ya kwetu: John Stephen Akhwari, Mexico City, 1968, goti limefungwa bandeji, anaingia uwanjani giza limeshaingia, zaidi ya saa nzima baada ya Mamo Wolde wa Ethiopia kushinda.

Mzee Akhwari namheshimu, na sina ugomvi na yeyote anayetokwa na machozi akiitazama picha ile. Ugomvi wangu ni na matumizi yake. Mexico City iko zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, na hewa yake iliwaumbua wakimbiaji wengi waliozoea kukimbia chini. Julie Moss naye moyo haukumwisha hata kidogo. Kilichomwisha ni sukari mwilini na maji. Kila mwalimu wa michezo anayejua kazi yake akiitazama filamu ile anaona mtu aliyehitaji kula saa tatu kabla, lakini jukwaani tunaambiwa tumeona roho ikiushinda mwili. Tumejifunza kupenda kidonda kuliko maandalizi. Waulize vijana kumi Akhwari ni nani, kisha waulize Filbert Bayi alifanya nini Christchurch Februari 1974. Bayi alitoka mbele tangu mwanzo wa mita 1,500, hakumwachia mtu, akaweka rekodi ya dunia ya 3:32.16. Hakuwa na bandeji popote, na nadhani ndiyo sababu hatumtaji sana kwenye semina.

Mbio za kwanza kabisa za aina hii, Hawaii mwaka 1978, zina kisa ambacho hakisemwi jukwaani. Walianza watu 15, wakamaliza 12. John Dunbar, aliyewahi kuwa komando wa jeshi la maji la Marekani, aliongoza kwa muda mrefu. Kama ni kukomaa, huyo alifundishwa na serikali. Halafu waliokuwa wakimsindikiza wakaishiwa maji, wakampa bia. Gordon Haller akampita na kushinda kwa saa 11 na dakika 46, Dunbar akafika zaidi ya nusu saa baadaye. Kwa hiyo tangu siku ya kwanza mchezo huu umekuwa ukisema jambo moja, kwamba mwenye maji humshinda mwenye roho ngumu.

Sasa twende Ufipa.

Ukiangalia ramani tu, utadhani uwanda wa Ufipa uliumbwa kwa ajili ya mchezo huu. Sumbawanga iko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na uwanda unaendelea hivyo hadi mpakani: nyasi, upepo, vilima visivyoisha, baridi ya mwezi wa sita inayokuuma masikio. Hewa ya juu ina oksijeni kidogo, na mwili ukikaa huko hutengeneza chembe nyekundu za damu zaidi. Watu husafiri kutoka Ulaya kwenda Iten, Kenya, kutafuta hiyo hewa. Ukitaka maji unarudi Matai, kisha unateremka hadi Kasanga kwenye Ziwa Tanganyika, lililoko mita 770 na kidogo. Kurudi juu ni karibu mita 1,000 za kupanda. Mimi napanda na baisikeli ya mtumba ya mbio niliyoinunua Dar kwa akiba ya mwaka mzima, na kila mara kwenye kona zile nakutana na vijana wanaosukuma Phoenix zilizofungwa magunia ya mkaa, au mahindi, au madumu. Wengine wamevaa kandambili. Mmoja niliwahi kwenda naye sambamba hadi juu. Mimi nilikuwa nahema kuliko yeye.

Hapa ndipo mtu wa raba nyeupe angeruka kwa furaha. Umeona? Wale ndio mabingwa, wana moyo, wanachokosa ni kujiamini tu!

Hapana. Kama kukomaa kungetosha, Rukwa ingekuwa na makabati ya medali. Kijana yule anafanya kwa wiki kazi kubwa kuliko yangu, na miguu yake ina nguvu ambazo mimi sitazipata. Lakini mwili haujengwi na kazi. Kazi inaubomoa: misuli inapata vidonda vidogo visivyoonekana, akiba ya sukari iliyomo ndani yake inaisha, mifupa inachoka. Kujengwa kunakuja baadaye, ukiwa umekula na umelala, hasa kwenye usingizi mzito. Akiba ile ya sukari ikiisha kabisa, huchukua karibu siku nzima ya kula vizuri kuirudisha. Nilimuuliza anapumzika lini. Akasema Jumapili, halafu akacheka, kwa sababu Jumapili hupanda baisikeli hiyohiyo kumpeleka mama yake kanisani. Alikuwa amekunywa chai ya rangi asubuhi na angekula akifika. Kazi anayo nyingi. Alichonyimwa ni nusu ya pili ya mazoezi, ile ya kitandani na mezani.

Wazee wetu walilijua hili kwa upande wa udongo. Wafipa walilima kwa matuta: mvua zikielekea mwisho walifukia nyasi chini ya udongo, wakaliacha tuta liozeshe kilichomo, na msimu uliofuata wakalibomoa, wakasambaza, wakapanda ulezi. Hakuna aliyesimama juu ya shamba lililochoka akaliambia likomae.

Kukimbia bila sababu kijijini ni habari nyingine. Mwanzoni nilikuwa nafunga kitenge juu ya suruali ya mazoezi, na bado watu walisimama. Siku moja babu mmoja akanisimamisha kwa mkono ulioinuliwa kama askari wa barabarani. Nikamwamkia, shikamoo babu. Marahaba, mjukuu wangu, kuna msiba wapi? Nikamwambia hakuna msiba, nafanya mazoezi. Akaniangalia miguu, akaangalia nilikotoka. Mazoezi ya nini? Ya kupata pumzi, babu. Akafikiri. Na hiyo pumzi ukishaipata utaipeleka wapi? Sikuwa na jibu la haraka, na nadhani swali lake lina akili kuliko semina nzima. Yeye alikuwa anajua kwamba nguvu ni mali, na mali haimwagwi njiani bila hesabu.

Tuje kwa Alphonce Simbu. Tarehe 15 Septemba 2025, Tokyo, alishinda marathoni ya mashindano ya dunia kwa 2:09:48, akimtangulia Mjerumani Amanal Petros kwa sekunde 0.03. Dhahabu ya kwanza ya Tanzania katika mashindano hayo. Jioni ile kila niliyekutana naye Dar alisema neno moja: moyo. Moyo wa Mtanzania, kijana kakomaa. Nami nilishangilia hadi sauti ikakauka. Lakini Simbu ni askari wa JWTZ, kama alivyokuwa Juma Ikangaa aliyeshinda New York mwaka 1989. Mshahara wa jeshi unaofika kila mwezi ndio uliomruhusu mtu kulala mchana bila kuitwa mvivu. Kati ya shaba yake ya London 2017 na dhahabu ya Tokyo kuna miaka 8 ya kula, kulala, kutibiwa na kurudia. Zile sekunde 0.03 za mwisho sitamkatalia mtu akiziita moyo. Iliyobaki ina mfadhili, na mfadhili ni kodi yako.

Hata Eliud Kipchoge, ambaye picha zake zimebandikwa kila ofisi ya wahamasishaji, amesema mara nyingi kwamba mazoezini hamalizi nguvu zake zote. Siku nyingi wakimbiaji wa Kaptagat na Iten hukimbia taratibu, mwendo wa kuzungumza, na mchana wanalala. Hilo halichapishwi kwenye fulana.

Lakini hoja yangu kubwa iko majini, maana maji ndiyo yaliyonifundisha kulichukia lile neno.

Sisi watoto wa uwandani hatuogelei. Tuna mito ya kuvuka, tuna maporomoko ya Kalambo yanayoanguka zaidi ya mita 200, na tunafundishwa kwa haki kabisa kuyaogopa. Nilijifunza kuogelea nikiwa na miaka 23, Kigamboni, kwa kijana mmoja mtoto wa wavuvi. Bwawa la kuogelea nilishindwa kulimudu, kiingilio cha siku moja kilikuwa sawa na chakula changu cha siku mbili. Siku za kwanza nilifanya kila nilichoambiwa maishani nifanye mambo yakiwa magumu. Nilikaza. Nilipiga miguu kwa nguvu zangu zote, nikainua kichwa, nikabana pumzi. Mita kumi tu nilikuwa nazama, moyo unapiga kama ngoma. Yule kijana akaniambia, dada, acha kupigana na maji, maji hayana ugomvi na wewe.

Maelezo yake ni mepesi ukishayajua. Mapafu yana hewa, kwa hiyo kifua huelea na miguu hushuka. Ukiinua kichwa, miguu inashuka zaidi. Ukibana pumzi, hewa chafu inajaa mwilini, na hiyo ndiyo inayoleta ile hofu ya kukosa hewa, wala si upungufu wa oksijeni. Dawa yake ni kutoa pumzi polepole uso ukiwa ndani ya maji, kulaza kichwa, kunyoosha mkono na kuusubiri mwili uteleze. Kila kitu ni kulegea. Kadiri unavyotumia nguvu nyingi ndivyo unavyokwenda taratibu, na mwenye kiburi anazama kabla ya mwoga. Hakuna hotuba inayoweza kumwelesha mtu. Vifo vingi katika mchezo huu hutokea kwenye kuogelea, na wanaofariki wapo waliokuwa na mioyo migumu kabisa.

Mwambie mtu anayezama akomae, uone.

Ziwa Tanganyika nikaliingia baada ya mwaka mzima baharini. Kule Kasanga unauliza wavuvi kwanza, wanajua mamba hupita wapi na saa ngapi upepo hubadilika, na usipouliza ni shauri yako. Maji yako safi hadi unaona vidole vyako, kisha ghafla chini kunakuwa buluu nzito. Ziwa lina kina cha mita 1,470 mahali pake pa chini kabisa, na ingawa pale nilipo ni pafupi, akili inajua. Hapo ndipo nakubali kuna kazi ya akili. Lakini kazi yenyewe haifanani na inayohubiriwa. Nahesabu pumzi: moja, mbili, tatu, geuka. Nikifika mia mbili naanza upya. Ni kazi ya karani.

Na kwenye baisikeli ni hivyohivyo. Saa nne peke yako kwenye barabara ya uwanda, upepo wa mbeleni, kichwa kimeshamaliza nyimbo zote kinachokijua. Unatakiwa kula kila saa hata kama hutaki: wataalamu wanashauri gramu 60 za wanga au zaidi kwa saa, yaani ndizi mbivu mbili au tatu. Fanya hesabu hadi saa nne, ni karibu kichane. Ukisahau saa ya kwanza unalipa saa ya tatu, na hapo ujasiri hauna duka la kukukopesha. Nimeshaona vijana wa mazoezi, wavulana kwa wasichana, wanaojivunia kumaliza kilomita thelathini kwa chai na chapati moja.

Kwa wasichana hili si la kujivunia hata kidogo. Mwili usiopata chakula cha kutosha kwa kazi unaofanya huanza kuzima vyumba, kama nyumba iliyopungukiwa umeme. Kimojawapo ni hedhi. Inakatika mwezi mmoja, miwili, sita. Baadaye mifupa inadhoofika na kupata nyufa. Mwaka 2014 Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki iliipa hali hii jina na kuonya walimu wa michezo, na bado nimesikia kocha akimwambia binti kwamba hedhi kukatika ni dalili kwamba mazoezi yameingia. Binti alifurahi. Alikuwa amekomaa.

Nimefika ninapotaka kufika. Kwetu Rukwa ni ghala. Malori ya mahindi yanatoka kila msimu, mengine yanapita mbele ya nyumba yetu kuelekea mpakani. Na mkoa huohuo, katika utafiti wa kitaifa wa afya wa 2015/16, uliongoza nchi kwa udumavu: zaidi ya nusu ya watoto chini ya miaka mitano walikuwa wafupi kuliko umri wao unavyotaka, kwa sababu ya lishe duni na magonjwa. Utafiti wa 2022 ulikuta bado ni karibu nusu. Kiswahili kina ukatili wake hapa. Tunda lililokosa maji hukomaa likiwa dogo. Gumu, limefunga, halitakua tena. Mtoto wa Ufipa anakomaa kabla hajakua, halafu akifika miaka ishirini mtu anapanda jukwaani kumwambia kilichobaki ni kukomaa zaidi.

Najua nitajibiwa kwamba ninawafundisha watu kulalamika, na kwamba maisha hayasubiri mtu ale ndizi. Pia nitaambiwa kwamba triathloni ni mchezo wa wenye pesa, ada ya kuingia peke yake ni mamia ya dola, kwa hiyo mfano wangu haumhusu mkulima. La pili nakubaliana nalo, na ndilo ninalosema. Mchezo wa wenye pesa umegundua, kwa vipimo na maabara, kwamba binadamu hujengwa kwa kula, kulala na kufundishwa. Wenye pesa wanajipa hayo matatu, kisha mabaki ya hadithi, ile sehemu ya kutambaa na kutokwa na machozi, wanatuletea sisi kama ushauri. Anayehitaji ushauri wa kuvumilia mkoani Rukwa simjui.

Zoezi gumu kuliko yote niliyowahi kufanya lilikuwa la kulala. Mwezi wa saba, nyumbani, nimetoka kukimbia saa mbili na nusu. Ratiba inasema lala saa moja. Mama yuko uani na wadogo zangu wanapukuchua mahindi, nasikia punje zinavyodondokea turubai. Miguu inatetemeka, lakini kilichoniuma ni ule mlio. Nikatoka nje nikamwambia nakuja kusaidia. Akasema, lala mwanangu, sisi tumezoea. Nikalala, nikitazama bati, saa moja kamili kwa saa ya ukutani. Baadaye nikaenda kupukuchua hadi giza. Lakini lile tumezoea limenikaa. Mama yangu ana miaka hamsini na magoti ya mtu wa sabini, na hakuna aliyewahi kumpangia ratiba yenye siku ya kupumzika.

Basi mkiniuliza fedha za semina ziende wapi, ninazo sehemu za kuzipeleka. Uji wa ulezi wenye karanga na dagaa shuleni, kila siku, Kasesya na Matai na vijiji vyote katikati. Kocha mmoja wa wilaya anayelipwa na anayejua kusema pumzika. Vijana wawili watatu wenye mapafu ya uwandani waajiriwe mapema kama walivyoajiriwa kina Ikangaa, kabla magunia hayajawamaliza mgongo. Na pale Kasanga, sehemu ambayo wavuvi wameithibitisha kuwa salama, watoto wafundishwe kutoa pumzi ndani ya maji. Vifaa vyake ni kamba ndefu, maboya manne na mtu anayejua kuogelea. Uji uwepo ukingoni, maana maji yanatia njaa.